Goli la Sekunde Kumi na Tisa

Skrini ilikuwa bado nyeusi.

Wiki nzima, wasomaji, mmeiacha hivyo hivyo, nyeusi tii, na Fundi amesimama mbele yake na pedi ya kuchezea mkononi kama mgeni aliyeshika sahani asipakuliwe. Mashine ya gemu ilikuwa inanguruma chini kwa chini. Diski ilizunguka, taa ya kijani ikapepesa, na pale ambapo wachezaji walitakiwa kutokea wakikimbia uwanjani hapakutokea hata mguu mmoja.

"Imekufa," alisema Shemeji.

"Haijafa."

"Nimekaa na hizi mashine miaka minane. Ikifanya hivi, imekufa."

"Imekataa. Mtu akikukatalia kitu, utasema amekufa?"

Saa ya ukutani ilisema saa saba na robo mchana. Saa kumi kamili Baba angeingia mlangoni.

Kwa aliyelikosa gazeti wiki iliyopita, au aliyelikuta limeshafungiwa sabuni, mambo yako hivi. Fundi ni mshonaji. Alikuja kwenye ukumbi wa gemu wa Shemeji, mdogo wa mumewe, kupima mapazia tu, akamkuta jamaa amekwama na gemu la mpira. Akaomba kuona ndani yake. Akaona kumbe gemu nalo lina mishono: unafumua kifurushi chake, unatoa faili moja moja, unarekebisha, unashona tena. Mume wake alipokwenda safari ndefu na lori, Fundi akahamia kwenye kompyuta ya ukumbini, sindano zake zimechomekwa kwenye kola kama kawaida.

Akawavalisha wachezaji jezi za timu za mtaani. Akaandika majina ya maduka ya jirani kwenye mabango ya uwanja. Kilichobaki kilikuwa kimoja tu, na ndicho kikubwa: sauti ya mtangazaji.

Mtangazaji ni Baba, baba mzazi wa Fundi. Miaka thelathini watu waliacha chakula kipoe wakimsikiliza akitangaza mpira redioni. Kisha, miaka miwili iliyopita, waganga wa hospitali walimtoa uvimbe kooni na sauti ikaondoka nao. Tangu hapo hajavuka geti la nyumba yake. Anaongea kwa chaki, kwenye ubao mdogo wa shule anaouning'iniza kifuani kwa kamba ya kiatu.

Fundi alichukua kaseti zake za zamani na kukata sauti ile vipande mia mbili na kumi na viwili. Kona. Anakosa. Refa anasema hapana. Vyote akavipachika ndani ya gemu. Akamwomba Baba aje asikie, na Baba, baada ya kubembelezwa siku tisa, akaandika: "Mara moja. Ikiharibika narudi chumbani, na asinitoe mtu tena."

Sasa zimebaki saa mbili na dakika arobaini na tano za kuifanya isiharibike, na skrini ni nyeusi.

"Soma," Fundi alisema, akaketi mbele ya kompyuta na kuvaa miwani yake iliyofungwa waya mguu mmoja. "Nisomee orodha. Kila faili, linapoanzia na urefu wake."

Shemeji alisoma. Fundi alifuata kwa kidole kwenye karatasi ya miraba aliyokuwa akichorea vipimo vya magauni. Walipofika mstari wa mia moja na tatu, kidole kikasimama.

"Hapo."

"Goli?"

"Goli. Goli la zamani lilikuwa sekunde nne. La Baba ni sekunde kumi na tisa."

Shemeji alipiga mluzi. "Yaani umemvika mtu mnene gauni la mtoto."

"Limepasuka, likafunika la jirani. Jirani yake ni nani?"

Shemeji alisogeza macho chini. "Picha ya kuanzia."

Basi. Mashine ilikwenda kuchukua picha ya kuanzia, ikakuta mzee anapiga kelele ndani yake. Hata ungekuwa wewe ungezima taa.

"Likate," Shemeji alisema. "Sekunde nne zinatosha. Goli ni goli."

Fundi alivua miwani, akamtazama.

"Shemeji. Watu walikuwa wanalihesabu kwa vidole. Fainali ile, dakika ya mwisho, pumzi moja, sekunde kumi na tisa bila kukata. Wapo wanaume wazima walizaliwa siku hiyo na kuitwa Goli. Nikate?"

"Nimeuliza tu."

"Usiulize tena."

Kaseti ya fainali, niwakumbushe, Baba hakuitoa mwenyewe. Alitoa sita. Alipoulizwa ya saba aliandika, "Imetafunwa na redio." Fundi akaikuta chini kabisa ya sanduku la nguo, nzima, imeviringishwa katika kitambaa cha kichwa cha kike, cha zambarau chenye madoa meupe. Marehemu mama yake hakupenda zambarau maishani mwake. Fundi hakuuliza. Aliitia kaseti kwenye pochi, akakirudisha kitambaa mahali pake.

"Kama hatukati," Shemeji alisema, "tunapanua?"

"Hatupanui. Kifurushi kikizidi hata punje, mashine inakikataa. Lazima kitoke kitu, lake liingie."

"Toa mvua."

"Mvua ni nyepesi, haichukui nafasi."

"Toa mashabiki."

"Uwanja bila mashabiki ni shamba."

Walizungukazunguka kwenye orodha mpaka Shemeji akagonga kitu kirefu kuliko vyote. Kumbe gemu lilikuwa na mtangazaji mwingine, mzima, wa lugha ambayo mtaani kwao hakuna aliyewahi kuisikia hata kwenye ndoto. Wakamfungulia.

Walisikiliza kidogo.

"Anasemaje huyu?" Shemeji aliuliza.

"Anasikitika."

"Mbona kama analia kabisa."

"Pole yake," Fundi alisema. "Anatoka."

Alipotoka huyo bwana na huzuni zake, nafasi ikapatikana kama chumba baada ya mpangaji wa kabati tatu kuhama. Fundi alilichukua lile goli zima na kulilaza humo.

"Mbona hapa inaandika sekunde ishirini na sita?" Shemeji alisogea karibu na skrini. "Si ulisema kumi na tisa?"

"Hiyo ni akiba."

"Akiba ya nini?"

"Ya mshono. Kila kipande ninakiachia kidogo mwishoni. Vile vingine nilishavikunja. Hiki nafasi ipo, kikae tu."

"Umeisikiliza lakini hiyo akiba?"

"Shemeji, goli hilo nalijua tangu nina meno ya utoto. Endelea kusoma."

Mlango wa nyuma ulifunguka, akaingia Mama. Huyu ni mama mzazi wa Shemeji, na kwa Fundi ni mama mkwe. Mwanamke mpana, mwendo wa taratibu, sauti nzito kama pipa likiburutwa. Akipokea simu watu humwamkia baba. Kazi yake ukumbini ni moja na haina mbadala: kukaa mlangoni na kukagua mikono. Hakuna anayegusa pedi na mafuta vidoleni.

"Saa nane hiyo," Mama alisema. "Bado mnashona?"

"Tunamalizia, Mama."

Mama alimtazama mkwewe kuanzia kichwani, akanyoosha mkono na kung'oa uzi kwenye bega la blauzi yake.

"Uzi tena. Unashona vizuri, mwanangu, ila unaacha vinaning'inia. Siku moja kitavutwa kimoja, nguo nzima ikufuate."

"Nitapunguza, Mama."

"Unasema hivyo kila siku." Akaenda zake mlangoni na kigoda chake.

Baada ya goli kuhama, kila faili lililofuata lilitakiwa kuandikiwa upya linapoanzia. Mistari arobaini na moja. Shemeji alisoma, Fundi alipiga hesabu kwa chaki ya kushonea juu ya meza, akaandika, wakafunga kifurushi, wakakichoma kwenye diski mpya. Kuchoma diski ni nusu saa. Walikaa wakiitazama ile asilimia ikipanda kama watu wanaosubiri maji yachemke.

Saa tisa kasoro dakika tano diski ikatoka, ya moto. Wakaitia mashineni.

Skrini ikawaka. Shemeji akaruka, akambeba Fundi nusu, akamtua, akaomba radhi.

Kisha wachezaji wakatoka.

"Shemeji," Fundi alisema polepole. "Vichwa vyao viko wapi?"

Vichwa vilikuwepo, ila vilikuwa vya nyasi. Nyasi nzuri, kijani, zimefyekwa mistari mistari. Na uwanja mzima, goli hadi goli, ulikuwa na rangi ya ngozi ya mtu, na katikati ya duara la kuanzia ukatokea upande mmoja wa sikio.

Kinyozi wa jirani, aliyekuwa ameshawahi kiti cha mbele, aliinamisha kichwa. "Hao ningewapunguza pembeni kidogo," alisema.

"Mstari wa kumi na saba katika ile arobaini na moja," Fundi alisema. "Umenisomea mara mbili."

"Sijasoma mara mbili."

"Umesoma mara mbili, na wa kumi na nane umeuruka. Tazama."

Shemeji alitazama. Akakuna kisogo. "Nimesoma mara mbili."

Wakarekebisha. Wakachoma tena. Nusu saa nyingine, na sasa ukumbi umeanza kujaa, watu wananyoosha viganja kwa Mama mmoja mmoja, geuza, futa, pita, geuza, rudi ukanawe. Viti vilikwisha, wakakaa kwenye makreti ya soda.

Saa kumi kasoro dakika mbili, kimya kikaanzia mlangoni na kuingia ndani.

Baba alikuwa amesimama kizingitini. Koti lake la kutangazia, lile la kahawia lenye mfuko mkubwa wa kuwekea orodha ya wachezaji. Skafu shingoni juu ya kovu. Ubao kifuani.

Mama hakuinua macho. "Geuza," alisema.

Baba aligeuza viganja.

"Chaki. Futa."

Baba alifuta kwenye suruali, akapita. Hawakutazamana. Hawa wawili hawajawahi kukaa chumba kimoja tangu harusi ya watoto wao. Baba akiwa sebuleni, Mama yuko jikoni, Mama akija sebuleni, Baba anakumbuka ana shughuli. Kila mtu alijua ni heshima ya wakwe. Fundi alikuwa akiwatolea mfano.

Alimkalisha Baba kiti cha katikati. "Ikikuchosha, niambie tu, tunaondoka."

Baba aliandika: "Mpira hauanzi kwa maneno."

Kinyozi akashika pedi moja, fundi bomba wa mtaani akashika ya pili. Shemeji akasukuma diski ndani.

Skrini ikawaka. Nyasi zikawa nyasi. Vichwa vikawa vichwa. Na kutoka kwenye spika mbili za pembeni, sauti ambayo mtaa ule ulikuwa haujaisikia kwa miaka miwili ikasema, kwa raha zake: "Karibuni uwanjani, wasikilizaji. Aliyeketi na aketi vizuri, aliyesimama ni shauri yake."

Fundi hakutazama skrini hata kidogo. Alimtazama Baba.

Mkono wa Baba ulipanda wenyewe mpaka kooni, ukatua juu ya skafu. Macho yalimjaa machozi. Kisha, taratibu, akashusha mkono na kuchukua chaki.

"Nilikuwa nameza maneno," aliandika.

"Kidogo tu, Baba."

"Na mbio mno."

"Kila mtu alikuwa anakuelewa."

Akafuta, akaandika tena: "Yule beki ni mzigo." Na hapo Fundi akajua kazi imeshika, maana Baba alikuwa hatazami tena gemu. Alikuwa anatazama mpira.

Mtu na mtu wakabishana. Kona ikapigwa, sauti ikasema kona. Kinyozi akakosa goli tupu, sauti ikamwambia, "Huyu alale leo bila kula," ukumbi ukaanguka kicheko, na mabega ya Baba yakatikisika nao.

Dakika za mwisho, fundi bomba akapata mpira pembeni. Akampita wa kwanza. Akampita wa pili. Baba akainuka kitini. Fundi akainuka naye. Shuti.

Na goli likaja.

Lilianza chini, likapanda, likajaa ukumbini mpaka vioo vya dirisha vikaitikia. Watu wakainua vidole bila kuambiana. Tano. Nane. Kumi na moja. Mwanamke mmoja alikuwa analia huku anahesabu. Kumi na sita. Kumi na nane. Kumi na tisa. Ukumbi ukalipuka.

Fundi alimgeukia Baba akicheka, akamkuta hacheki. Baba alikuwa ameganda, mkono umenyooshwa kuelekea spika, kama mtu anayetaka kuziba maji kwa kiganja.

Maana sauti haikuwa imekwisha. Goli lilikwisha kwa sekunde kumi na tisa. Zilibaki saba za akiba.

Kwanza ilisikika pumzi, nzito, ya mtu aliyekimbia. Kisha kipaza sauti kikagonga mbao. Kisha sauti ile ile iliyopiga goli, koo lile lile, ikasema kwa utulivu, na bila shaka yoyote ilikuwa ya mwanamke:

"Haya, shika kipaza chako. Umelikosa goli. Na kitambaa changu unirudishie."

Mchezo ukaendelea kwenye skrini bila mtu kuutazama.

Kichwa cha kwanza kiligeuka kuelekea mlangoni. Kikafuata cha pili. Wakageuka wote, kiti kwa kiti, kreti kwa kreti, mpaka ukumbi mzima ukawa unamtazama Mama juu ya kigoda chake.

Shemeji alisogea hatua moja. "Mama?"

Mama alikuwa anamtazama Fundi.

"Si nilikwambia," alisema kwa sauti ile ya pipa, "punguza nyuzi zinazoning'inia."

Fundi alitaka ardhi immeze yeye na kompyuta yake. Mara moja, Baba alikuwa ameandika. Mara moja, na ikiharibika narudi chumbani. Na Baba alikuwa ameshaanza kutoka, koti likimpiga magotini, watu wakimpisha njia.

"Baba, ngoja. Sikujua. Baba."

Alifika mlangoni. Mama hakusogea. Kigoda kilikuwa katikati ya njia na Mama juu ya kigoda, na hakuna aliyewahi kumhamisha mwanamke yule asipotaka.

"Leo hutoki, mkwe," alisema. "Umejificha miaka miwili kwa kukosa sauti, na mimi nimekaa kimya miaka thelathini na moja ninayo. Nani amechoka zaidi?"

Baba alisimama. Alimtazama usoni, na Fundi akahisi ni mara ya kwanza kuwaona hivyo. Kisha akatoa chaki mfukoni. Aliandika kwa herufi kubwa, akauvua ubao kifuani na kuuinua juu ya kichwa, akageuka polepole ili kila upande usome.

GOLI NI LAKE.

Kelele zilizotoka hapo zilimshinda hata yule mtangazaji wa spika. Kinyozi alipanda juu ya kiti. "Mama, rudia," walipiga kelele. "Mama, lipige tena."

"Nyie, nina miaka sitini na tano," Mama alisema, lakini alikuwa ameshakaa wima. "Nilikuwa mbeba nyaya wake. Mwanamke hakuruhusiwa kugusa kipaza. Wangejua, wangetufukuza wote wawili. Nikanyamaza, baadaye nikaolewa, baadaye mwanangu akaenda kuleta mchumba, nakuja kumwona baba wa binti ni nani. Mngefanyaje nyie?"

Shemeji alisogeza kreti karibu na kigoda. Baba aliliangalia kreti, akaangalia geti la nje, akaketi. Aliketi kabisa, akanyoosha miguu. Fundi akapata kupumua.

Lakini kuna wazo lilikuwa limeshamwingia, na likiingia kwa mshonaji halitoki mpaka lifumuliwe. Alipiga magoti mbele ya kreti.

"Baba. Kwenye zile kaseti sita nyingine kuna magoli tisa. Nimeyakata mimi mwenyewe, moja moja. Mangapi ni yako?"

Baba alikuna kidevu. Akaandika tarakimu moja, akamwonyesha: 8.

Mama aliinama juu ya bega lake, akasoma, akavuta pumzi.

"Hesabu vizuri, mkwe," alisema. "Na ukishamaliza kuhesabu, mwambie mwanao ni kitu gani kilikuwa kinakutoa nje ya chumba cha matangazo kila mpira ulipokaribia goli."

Shemeji akanyoosha mkono nyuma, akazima spika.

Baba alifuta ubao wote kwa mkono wa koti, juu mpaka chini, kona zote nne. Akavunja chaki ili ipate ncha, akaanza kuandika kwa herufi ndogo sana, kama mtu mwenye mengi na ubao haumtoshi.